Ndara Zao kwenye Kioo

Jumatatu, 2 Julai 2018
Kompyuta ya tatu tayari. Ukumbi wa mtaa, Mangarivotra. Mashine tatu, watu kumi na mmoja, kila mmoja na akaunti yake na lugha yake. Kimalagasi, Kifaransa, na Kiswahili kwa bibi Mkomoro, Bi Echati, maana Kikomoro hakimo kwenye mashine. Kazi naiweza. Nami naandika hapa Kiswahili nilichosomea Unguja; nyumbani hakuna anayekijua, wa kunichungulia.

Jumatano, 4 Julai
Vurugu. Hakuna anayefunga akaunti akiinuka. Wanasema kumfungia anayekuja nyuma ni uchoyo. Anayefuata anakuta lugha si yake, anabadilisha, anaendelea humohumo. Mwalimu Saidi, mwenyekiti wa kamati ya ukumbi, anataka akaunti moja, Kifaransa kwa wote. Kamati itaamua Jumamosi. Nikishindwa hapa, hata ukumbi wa kisiwani Nosy Be sipewi. Sishindwi.

Alhamisi, 5 Julai
Kurasa za Bi Echati hazipo. Nyiradi, dua za marehemu mama yake, kurasa kumi na moja, mwezi mzima wa kuchapa kwa kidole kimoja kwenye mashine ya kwanza. Mtu kakaa kwenye akaunti yake iliyo wazi, kafuta. Sikuweka nakala. Kosa langu. Yeye kasema tu, "Bado ziko kichwani, mwanangu." Nimelia chooni.

Ijumaa, 6 Julai
Mlangoni, ndara za watu zimejaa. Kila mtu anazijua zake. Hakuna anayemwachia anayefuata ndara zake kwa ukarimu. Mjinga mimi, jawabu nalikanyaga kila siku.
Nimepiga picha jozi zote. Ukiwasha, kioo cha mashine kinakuonyesha ndara. Unabonyeza zako, unaweka neno la siri. Ukiondoka, unafunga, unazivaa.

Jumamosi, 7 Julai
Wamejaribu mbele ya kamati. Wote wamefunga. Mmoja alisahau, akarudi kutoka mlangoni, mguu mmoja umeshavaa. Imepita: kila mtu na lugha yake. Mwalimu Saidi hakupinga. Nilitamba kidogo, nakiri.

Jumatatu, 9 Julai
Mwalimu Saidi alifika kabla ya wengine. Kavua viatu. Kasema ndiye aliyefuta zile kurasa. Hakujua ni za nani, alidhani takataka. Nimekasirika na nimemwambia. Kisha akaomba nipige picha viatu vyake.
Bi Echati alipokuja, Mwalimu alimweleza mwenyewe. Bibi akabonyeza ndara zake, akamsogezea Mwalimu kiti.
Bibi anazisoma kutoka kichwani, Mwalimu anachapa. Saa sita nimeweka nakala. Kurasa mbili.