Ubalozi wa Berlin na Nyumba Yako ya Mpepai

Mama mpendwa,

Shikamoo. Nakuandikia kukuomba ruhusa juu ya nyumba yako ya Mpepai, ambayo mimi na Kaka Kosmas tumeibishania tangu ulipofariki. Yeye anataka ibomolewe tujenge nyingine palepale. Mimi nimekuwa nikikataa, kwa sababu kuta zile ulizikandika kwa mikono yako, ingawa ule wa nyuma umeinama kama mzee anayetafuta miwani yake.

Katika ubishi huo nimemkumbuka sana Haruka, binti wa Kijapani aliyekaa kwetu msimu mzima akijifunza kilimo chetu cha ngoro, kile cha kuchimba mashimo na kufukia nyasi zioze chini ya mazao, nikiwa darasa la sita. Siku yake ya kwanza shambani wanaume walikuwa wamekwisha kulaza nyasi kwa miraba, naye akashika jembe akaanza kuchimba juu ya nyasi zenyewe. Ukamwambia, "Mwanangu, shimo ni pale katikati. Hapo unachimba chakula cha maharage." Kuanzia hapo akawa mwanao kweli, na kikombe kizuri kikawa chake. Wivu nilikuwa nao, sasa nakiri.

Mchana mmoja wa mvua, tukichambua maharage, alitusimulia habari za babu yake, aliyekuwa mpishi katika ubalozi wao kule Berlin. Lilikuwa jengo kubwa la mawe, lililojengwa wakati vita kuu ya pili ikianza. Mabomu yakalipiga. Vita vilipokwisha mji ukagawanywa, serikali ya Ujerumani ya magharibi ikakaa mji mwingine, na mabalozi wakaifuata huko. Jengo likabaki gofu miaka mingi, miti ikaota ndani, mvua ikaingia ilivyotaka. Baadaye Japani na Ujerumani hiyo zikakubaliana kulifufua. Mafundi wakapima kuta wakakuta zimechoka, ikabidi wabomoe na kujenga upya, ila sura ya mbele wakairudisha ilivyokuwa. Kwanza likawa kituo cha Wajapani na Wajerumani kukutana. Serikali iliporudi Berlin, balozi naye akarudi kwenye nyumba yake.

Haruka alisema babu yake alipoonyeshwa picha ya jengo jipya alinuna, akasema hiyo siyo nyumba aliyoijua. Mimi nilikuwa upande wa babu. Wewe ulipepeta ungo wako mara mbili tatu, ndipo ukauliza, "Na jiko wameliweka wapi?"

Haruka hakujua. Ulimsumbua kila siku mpaka akaandika barua kwao. Babu alijibu kwamba hata yeye hajui, kwamba alikuwa ameuliza habari za nguzo tu, na kwamba anaona aibu, mpishi mzima, kukumbushwa jiko na mama wa Mpepai. Ulicheka mpaka ukakaa chini. "Mwambieni asinune," ukasema. "Ukuta ni wa kuzuia mvua. Ukishindwa, unatolewa."

Maneno hayo niliyasahau kwa makusudi, Mama, maana hayakunisaidia katika ubishi. Lakini mwezi uliopita mvua iliingia chumbani kwako ikalowesha kitanda chako. Kaka hakunigombeza. Alisema tu, "Mdogo wangu, usipoziba ufa utajenga ukuta. Na sisi ufa tumeutazama miaka minne." Nikasema basi, ibomolewe. Nikamwomba jambo moja, jiko liwe kubwa na mlango wake utazame mibuni. Alikubali haraka mno, nikajua alikwisha kulichora hivyo.

Sasa nikueleze ukweli. Nimekaa kuomba ruhusa, lakini nyumba tuliibomoa Jumamosi. Pigo la kwanza la sululu nililipiga mimi, kwa sababu sikutaka lipigwe na mtu mwingine. Nilikuwa nimejiandaa kulia, hata khanga ya kufutia machozi nilibeba. Ukuta ulipoanguka nilichosikia ni njaa. Tukapika palepale uani, tukala tumekaa juu ya kifusi, watoto wa Kaka wakigombania ukoko na mimi nikiwakemea kwa sauti yako. Nilijiona bado niko kwako.

Pumzika, Mama. Sisi tumeshiba.

Ni mimi,
kitinda mimba wako