Miaa mbichi kwenye waya wa stima

Fartun uko? Nimepigwa na stima sasa hivi 😡

Si panya walikata ule waya wa taa ya jikoni? Mume wangu Buya akasema fundi wa nini na yeye yuko, akauunga mwenyewe. Nimeusogeza kidogo tu ukanirusha!

Unajua pale alipounga amefunga na nini? Miaa! Miaa ya mama yake ya kusuka mkeka, tena ameitoa kwenye beseni ikiwa imelowekwa!

IMELOWA MAJI, Fartun!

Namuuliza tepu nyeusi iko wapi, ananijibu, "Lakini nilikaza vizuri."

Alikaza vizuri!!

Tepu nimeiona. Yote kaimalizia kwenye mpini wa jembe. Nyumba nzima hii, kitu salama kushika ni jembe.