Jina Langu ni Zulina, Si Selina

Jumanne, Gongoni, Tabora

Leo jua limewaka tangu asubuhi na upepo wa vumbi umepiga mpaka nimefunga madirisha yote. Nimerudi nyumbani na kiu, miguu imechoka, lakini kichwa kimetulia kuliko siku zote za mwezi huu. Acha niandike kabla sijaanza kujitilia shaka.

Jina langu ni Zulina.

Vyeti vyangu vyote, kuanzia cha darasa la saba hadi cha ualimu, vinasema Selina. Mama alikuwa ananiita Zulina, na kadi yangu ya kliniki, iliyoliwa na mende pembeni, inasema Zulina. Ila baba aliponipeleka kuandikishwa shule alimtajia mwalimu Selina, na mwalimu akaandika alichoambiwa. Nimefikisha umri wa miaka thelathini na moja hivyo, jina moja la nyumbani, jingine la shuleni.

Watoto wa jirani waliolijua la nyumbani hawakuniacha salama. "Zulina, leo umelina asali wapi?" Kwa mkoa wetu huu wa walina asali, utani huo haukuisha. Nilipofika sekondari, mahali nisipojulikana, nilifurahi kuitwa Selina kama wasichana wengine. Nakiri hilo.

Sasa nimepata ajira ya kufundisha, baada ya miaka minne ya kujitolea, na wanataka cheti cha kuzaliwa. Sikuwahi kuwa nacho. Ofisa wa vizazi, dada mpole, alitazama kadi ya kliniki, akatazama vyeti vya shule, akaniambia njia fupi ni Selina, nitapata cheti wiki hii hii. Nikitaka Zulina, nilete mtu aliyekuwepo nilipozaliwa, aeleze kwa maandishi. Kisha nile kiapo kwamba Selina wa kwenye vyeti ni mimi.

"Itachukua muda," alisema. "Na huko kazini watakuuliza maswali."

Mama alifariki nikiwa chuoni. Nilipokuwa mdogo nilimuuliza jina hili alilitoa wapi, akasema ni la watu wawili, mmoja yuko mtaa wa Ng'ambo hapa hapa mjini, anauza khanga, anaitwa Bi Zuhura. Alisema atanipeleka. Hakuwahi, nami sikumkumbusha.

Jana nilikwenda mwenyewe. Niliuliza maduka mawili tu, la tatu likawa lake. Nilimkuta amekaa nyuma ya meza, mama wa makamo aliyeanza kuuaga umakamo, anakata nyuzi kwenye pindo la khanga.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Wewe wa nani?"

"Naitwa Zulina. Mama yangu ni Veronika, aliyejifungulia Bukene."

Aliweka mkasi chini. Akacheka huku machozi yanamtoka. "Umechelewa kuja wewe! Kaa hapa."

Akanisimulia. Mama alipanda treni hapa Tabora kumfuata baba Mwanza, alikokuwa anafanya kazi ya uashi. Mimba ilikuwa ya miezi minane. Uchungu ukamshika njiani, abiria wakamteremsha stesheni ya Bukene. Zuhura alikuwa kwenye behewa hilo hilo, binti mfanyabiashara anayepeleka khanga Mwanza. Akashuka naye kumshika mkono, akidhani atawahi kupanda tena.

"Treni ikaondoka na mzigo wangu," alisema. "Mimi nimebaki na mama yako na pochi."

Pale stesheni alikuwepo mkulima mmoja, Mkristo wa Moravian, jina lake Elina, aliyekuja kuuza karanga. Aliziacha karanga kwa mwenzake, akawachukua wote wawili mpaka kwake kwa mkokoteni wa ng'ombe. Nilizaliwa nyumbani kwa Elina kabla ya adhuhuri. Wanawake wale wawili hawakuwa wamewahi kuonana.

Walikaa na mama siku tatu. Mama akasema mtoto atachukua jina la mmoja wao. Zuhura akasema mpe la Elina, nyumba ni yake na ni Mkristo mwenzako. Elina akasema hapana, mpe la Zuhura, ndiye aliyepoteza mzigo. Kila mmoja akawa anamsukumia mwenzake, mpaka mama akacheka, akachukua mwanzo wa moja na mwisho wa jingine.

Siku ya nne baba akafika. Akawashukuru wote wawili kwa heshima. Akauliza jina, akaambiwa, akanyamaza. Bi Zuhura hakuelewa kwa nini.

Mimi naelewa. Baba alikuwa amemwahidi mama yake kwamba binti wa kwanza atakuwa Selina. Bibi Selina alinibeba mgongoni, na nilimpenda sana. Mpaka leo baba haniiti binti, ananiita mayu, yaani mama, kwa sababu kwake mimi ndiye mama yake.

Hapo ndipo nilipokwama jana mchana kutwa. Nikilikataa Selina, ninamkataa nani?

Nimelifikiria kwa kila upande. Bibi Selina ana wajukuu wengine wawili wanaoitwa kwa jina lake, wote wazima, wana watoto. Elina, nimeambiwa, alifariki bila kuacha mtoto. Bi Zuhura naye hakujaliwa.

Wao wana mimi tu.

Asubuhi hii nimempitia Bi Zuhura. Alikuwa tayari mlangoni amevaa baibui, tukapanda bajaji mpaka ofisini. Alieleza yote, ofisa akaandika. Alipofika mwisho ofisa akamuuliza, "Una uhakika ndiye huyu, bibi?"

"Mimi ndiye niliyemfunga kitovu. Uhakika gani mwingine unautaka?"

Akatia sahihi polepole, herufi moja moja. Nami nikala kiapo changu kwa wakili, nikajaza fomu kwa herufi kubwa. Maombi yamepokewa. Kazini nimepiga simu; wamesema nipeleke barua ya kuthibitisha, halafu wataangalia. Wanaweza kukubali, wanaweza kumpa nafasi mtu mwingine. Nililijua hilo kabla ya kujaza fomu, na nimejaza.

Kilichobaki ndicho kigumu. Sijamwambia baba.

Jumapili alinipigia, tukaongea habari za mahindi na goti lake, nikamjibu "ndiyo, baba" na "sawa, baba" kama mtu asiye na lolote. Niliona aibu nilipokata simu. Nilijua tayari kwamba kesho yake nakwenda kumtafuta Bi Zuhura.

Kesho napanda basi la asubuhi kwenda kijijini kwetu, nje ya Nzega. Nitamsalimia, nitakaa mbele yake, nitamsimulia habari za mzigo uliokwenda Mwanza peke yake na karanga zilizoachwa stesheni, maana sidhani kama aliwahi kusimuliwa. Anaweza kukasirika. Anaweza kunyamaza kama alivyonyamaza siku ile.

Siendi kuomba ruhusa. Nakwenda ili asisikie kwa mtu mwingine.