Furu wa Mwaloni, Nimewaona Wakiishi

Mama,

Shikamoo. Tangu tukuzike Nansio mambo yamebadilika, na wewe ndiye niliyetaka uyasikie kwanza.

Bandarini walinipunguza. Kazi ya kuzamia chini ya meli na kukwangua mapangaboi ikaisha siku moja. Tukaambiwa siku hizi ni soko huria. Nikakaa tu hapa Kirumba. Ndipo akaja dada mmoja kutoka Dar, Salome, anayetengeneza filamu za televisheni. Alitafuta mtu wa kushuka ziwani na kamera. Akanifundisha kuishika ndani ya kasha lake lisiloingiza maji, mpaka mkono wangu ukatulia. Sasa ndiyo kazi yangu. Mama mdogo Tabu alipowaambia majirani, "Mwanetu anazamia," wakampa pole, wakidhani nimejificha melini kwenda Ulaya! Ungecheka mpaka khanga ikudondoke.

Lakini nikuambie nilichokiona, Mama.

Tulikwenda kwenye miamba ya Ukerewe, upande wa kwenu. Ulikuwa ukisema, "Furu wameisha, sangara kawamaliza." Nami niliamini, maana nilikuona ukiacha kuuza samaki wale wadogo, ukaanza kukaanga mapanki, mifupa ya sangara inayobaki kiwandani. Nikashuka na mtungi wangu wa hewa. Juu, maji mazito, ya kijani. Nilipofika kwenye mwamba yakawa maangavu. Na furu walikuwapo! Wekundu, wa bluu, wa manjano, wanang'aa kama vitenge vipya dukani.

Mmoja alikuwa na wanawe, wadogo kama punje za ulezi. Sangara akapita, mkubwa, taratibu. Yule mama akafungua kinywa. Watoto wakakimbilia ndani, wote. Akafunga, mashavu yamevimba, akajibana kwenye ufa. Nami nikatulia na kamera, hata kupumua naogopa. Sangara alipopotea, akafungua tena. Wakatoka kidogo kidogo, wakacheza mbele ya uso wake.

Mama... nilikumbuka ile mvua ya sokoni Mwaloni, ulivyonifunika kwa khanga yako, wewe ukalowa. Nililia mpaka miwani ya kuzamia ikajaa machozi.

Jumapili baada ya kanisa Salome akatuletea mkanda, tukaazima deki ya video. Mama mdogo alipomwona yule furu akasimama. "Ee Mungu! Miaka yote mimi na dada tumewapanga mafungu pale sokoni, kumbe hatujawahi kuwaona wakiishi." Tukarudisha mkanda nyuma, tukaangalia tena.

Wiki ijayo tunashuka upande wa Busisi. Wavuvi wanasema kule hakuna kitu kilichobaki; mimi siwaamini tena mpaka nikaone mwenyewe. Nakuahidi nitakuwa mwangalifu, nitapanda juu polepole kama nilivyofundishwa. Nitakapokuja kwako, nije nikiwa mzee, na mvi zangu, na mengi ya kukusimulia.

Pumzika, Mama.

Mwanao,
Magesa