Namba Niliyoiandika Kwenye Kadi ya Kitanda

Embu, Jumanne. Manyunyu tangu alfajiri, na mlima haujajitokeza hata mara moja. Goti la kushoto linauma, lakini kichwa kiko sawa.

Leo nilikuwa kliniki ya presha. Nikiwa kwenye foleni, nilimtazama binti wa rekodi akiingiza magonjwa ya watu kwenye kompyuta. Mwanamume mmoja alimwinamia begani, akachungulia kioo. "Hapo umemwandika bibi yangu nini?" Binti hakugeuka. "Nimeandika ya daktari. Ngojea hapo kwa benchi, baba."

Niliwahi kuulizwa swali hilo.

Nieleze kwanza kazi yenyewe, maana wengi hawaijui. Kila ugonjwa una namba yake. Siku hizi huitwa msimbo, na una herufi mbele. Wakati wetu zilikuwa tarakimu tatu, kutoka kitabu kinene cha Kiingereza. Daktari anaandika maneno, karani anatafuta namba yake, na mwisho wa mwezi serikali inajua watu wameugua nini. Kanuni ya kwanza niliyofundishwa ni hii: usiongeze neno ambalo daktari hakulisema. Hata kama unahisi unajua.

Nilikuwa karani wa namna hiyo wakati wa Hali ya Hatari ya serikali ya mkoloni, katika hospitali moja ya upande huu wetu. Sikuwa nimetimiza miaka ishirini na mbili. Nilikuwa na kalamu mbili na kiburi cha mtu aliyemaliza shule.

Siku moja aliletwa mama kutoka upande wa Kiritiri. Nitamwita Ciarunji, ingawa silo jina lake. Watu wa kwao walikuwa wameondolewa mashambani na kukusanywa katika kijiji chenye ulinzi, na wanawake walichimba handaki kukizunguka kuanzia asubuhi. Mume wake alikuwa kizuizini mwaka wa pili. Homgadi mmoja, yaani mlinzi wa kijiji, ndiye aliyemsindikiza na kushika pasi yake ya kusafiri.

Daktari alimpima, akaandika kwenye daftari lake kwamba mimba ya miezi mitatu imetoka na kizazi kimeingia usaha. Akaagiza penisilini, kisha akapanda gari kwenda kutibu kwenye kambi ya waliozuiliwa. Angerudi baada ya siku mbili.

Mume kizuizini mwaka wa pili, mimba miezi mitatu. Yeyote ambaye angelisikia neno lile angejua kuhesabu.

Kazi yangu ilikuwa kunakili ugonjwa kwenye kadi inayoning'inia kitandani. Nilipomfikia, mama yule alinishika mkono wa shati. Mkono wake ulikuwa wa moto.

"Karani, andika ni malaria."

"Mama, daktari amesema..."

"Nimesikia alivyosema. Wewe andika malaria. Huyo anasoma."

Alikuwa anamaanisha homgadi, aliyekaa kwenye benchi akijichokoa meno. Naye alikuwa ameshanivuta pembeni asubuhi hiyo, akaniambia vilevile, kwa sauti ya amri: malaria. Hakuniambia sababu, na sikuhitaji kuambiwa. Wawili hawa walitaka neno moja, kila mmoja kwa hofu yake. Yeye aliogopa mimba ijulikane ni ya nani. Mama aliogopa ijulikane ilikuwepo, na pia aliogopa kesi, kwa sababu kutoa mimba kulikuwa kosa la jela, na mtu akitaka kukushtaki hasubiri kujua kama ulitoa au ilitoka.

Nami nilikuwa tayari kuandika malaria. Nakiri. Kalamu ilikuwa imeshagusa kadi.

Kilichonizuia ni stoo ya dawa. Penisilini ilikuwa adimu, na haikutolewa ila kwa ugonjwa ulioandikwa kwenye kadi. Mwenye malaria alipewa vidonge vya malaria. Ningeandika neno aliloniomba, angekunywa vidonge vile siku mbili akisubiri daktari, na siku mbili hakuwa nazo. Ningeandika neno la daktari, homgadi angelisoma, na ili kujiokoa angemshtaki mama kwanza, kabla ya jua kuzama.

Basi nikaandika namba peke yake.

Mia sita hamsini na moja. Mimba kutoka, pamoja na maambukizi. Kitabu kilikuwa pia na nafasi ndogo baada ya hapo: kama ilitoka yenyewe, kama ilitolewa na daktari, kama ilitolewa kwa njia nyingine. Daktari hakuwa ametaja. Nikaweka isiyotajwa. Nilifuata kanuni, lakini nisijisifu: siku ile nilishukuru kwamba kanuni ipo.

Homgadi aliinuka akaja. Aligeuza kadi huku na huku.

"Wewe karani, umeandika nini hapa?"

"Namba, afande."

"Naona ni namba. Ya nini?"

"Ya kitabu cha ofisi."

"Ha! Watu wa skuli! Mtu anakufa, nyinyi mnampigia hesabu." Akacheka mpaka wagonjwa wengine wakageuka. Kisha akanyoosha pasi, nijaze sababu ya kulazwa. Nikaandika "homa". Homa ilikuwa kweli, na aliyeshika mkono ule asingebisha. Akaikunja, akaridhika.

Nikadhani nimemaliza. Lakini mtoa dawa, Bwana Salim, mzaliwa wa Majengo kule Meru, aliitazama kadi akanirudishia.

"Kijana, mimi natoa dawa kwa ugonjwa. Hii ni bei ya ng'ombe?"

"Ni namba ya ugonjwa, Bwana Salim."

"Basi andika ugonjwa. Afisa akikagua stoo nimwambie nini? Kwamba mtoto wa Kiembu ameniletea hesabu?"

Nilimwambia nitaleta kitabu. Nilikimbia, na karani hakimbii. Nikakifungua juu ya meza yake, nikaweka kidole kwenye mstari. Alisoma polepole, midomo ikicheza.

"Astaghfirullah. Nani mwingine anajua?"

"Daktari na sista wa wodi."

"Na wewe na mimi. Tosha. Funga hicho kitabu."

Akaandika namba ileile kwenye daftari la stoo, bila neno, akanipa chupa mkononi. Sista alimdunga sindano ya kwanza kabla chai ya saa nne haijapoa. Afisa wa ukaguzi alipokuja, nasikia Bwana Salim alimwambia kwamba namba ndiyo mtindo mpya, na yeye hataki kuonekana mshamba.

Siku ya nne homa ilishuka. Siku ya tisa aliomba uji wa pili. Alipopewa ruhusa kurudi, alisimama mlangoni pa ofisi yangu, shuka begani, homgadi akimngoja getini.

"Uliandika malaria?"

"Hapana, mama. Niliandika kitu ambacho hawezi kukisoma."

Aligeuka akatazama getini. "Wewe unaweza?"

"Naweza."

"Basi na wewe usikisome."

Akaenda.

Nilifanya kazi ya namba za magonjwa miaka mingi baadaye. Nilifundisha vijana, na wengine walinishinda. Wengi waliniuliza jambo moja, kila nilipowasimulia kisa hiki: je, mama yule aliitoa mimba mwenyewe, au ni kazi ya lile handaki iliyoitoa? Wakitaka, nafikiri, kujua kama nilimsaidia mkosaji au mwenye haki.

Ningeweza kumwuliza. Alilala pale siku tisa, na alikuwa ameanza kuniamini. Baadaye hata kijiji chao nilikijua, na nilipita hapo mara mbili.

Sikumwuliza.

Mwanzoni nilijiambia ni kanuni, kwamba kisichotajwa na daktari karani hakitafuti. Sasa ni mzee na sihitaji kujificha nyuma ya kanuni. Penisilini ile isingebadilika kwa jibu lolote ambalo angenipa. Homa ingeshuka vilevile, na angeomba uji vilevile.

Atakayeniuliza tena nitamjibu hivyo, bila kupunguza wala kuongeza. Sijui, na sitafuti kujua.