Ukuta Alioubomoa Baba

Nyumbani, chumba cha nyuma
Jumapili asubuhi

Mpendwa Dada,

Shikamoo. Hali yako? Shemeji hajambo? Na huyo mpwa wangu tumboni, bado anakupiga mateke? Sisi wazima, na leo nyumba nzima inacheka. Koo la Mama limepona, ila sauti haitarudi; ananong'ona tu, kama daktari alivyotuonya kabla ya upasuaji.

Sasa kaa kitako. Zile nyimbo za kubembelezea mtoto Mama alizokurekodia kabla ya kupasuliwa, nusura zipotee! Kompyuta ilidai imejaa. Baba, seremala wetu, akaona diski imegawanywa sehemu mbili. Vyumba viwili vya nini, akasema, tubomoe ukuta tupate ukumbi. Akaifuta sehemu ya pili. Nyimbo zilikuwa humo, na nakala nyingine hatuna.

Dada, Baba hakushika randa wala msumeno kutwa nzima. Baba yetu huyu huyu! Hata chai ilimpoa mbele yake. Nami roho ilikuwa mkononi, maana sauti ile hainunuliki.

Nikaizima kompyuta, nikapiga marufuku kuigusa, kwani kitu kipya kikiandikwa juu ya diski, cha zamani ndiyo basi tena. Mbio kwa jirani mpiga chapa, nikaandaa kwenye kompyuta yake flashi yenye mfumo wake wenyewe: unaichomeka, kompyuta inawaka kwa hiyo flashi, nawe unaipekua diski bila kuivuruga. Nikamwambia Baba, ukuta uliuvunja kweli, lakini vyombo bado vimo. Programu ikatafuta weee, mwishowe ikaionyesha mipaka ya zamani. Nikanakili nyimbo kwanza kwenye flashi nyingine, ndipo nikaurudisha ukuta.

Tukafungua wimbo wa kwanza. Sauti ya Mama, ile ile! Katikati anakatiza: "Baba watoto, hebu toa mkono kwenye hiyo kompyuta!"

Lo! Tulicheka hadi mbavu zikauma. Mama akamvuta Baba sikio, akamnong'oneza, "Si nilikwambia?"

Flashi yenye nyimbo imo humu kwenye bahasha. Nilitaka kulikata lile karipio, Baba akagoma. Acha mjukuu asikie, alisema huku akijifuta macho, bibi yake alivyokuwa akinigombeza kwa sauti.

Msalimie sana Shemeji. Shangazi naye anakusalimu. Mungu akujalie ujifungue salama.

Ni mimi mdogo wako, nikupendaye hata ukininyima zawadi,

Kitindamimba