Mgomba Uliolazwa Mahali Pako

Mantapala, Nchelenge
Jumapili, 9 Juni 2024

Mpendwa pacha wangu Chouchou,

Pokea salamu nyingi kutoka nyumbani. Habari za Lusaka, na kile kifua chako kinachobana wakati wa baridi? Sisi ni wazima wa mwili. Mihogo imestawi, na Mama bado anapeleka unga sokoni. Moyo ndio haujatulia, na sababu ni wewe.

Nilitaka kuanza kwa upole, nimeshindwa. Chouchou, umetuua.

Ulituambia unaimba, na hilo tulilizoea. Ulianza na kinanda cha kanisa hapa kambini kwetu wakimbizi, unapiga kwa sola mpaka betri inakata, na sasa nyimbo zako zinasikika hadi kwenye mashua za Kilwa ya huku ziwani kwetu. Mama anasema mashine zimeimeza sauti yako, lakini akisikia ule mlio wa mwanzo anaacha kutwanga. Kuhusu kuigiza filamu hukutuambia neno.

Basi Jumatatu ile Obvious, yule anayetuwekea nyimbo kwenye simu pale sokoni, alinionyesha video fupi bila kunitazama usoni. Niliona sanduku la maiti. Ndani ni wewe, pamba puani, na wimbo wako mwenyewe unapigwa taratibu. Unajua sura yako ndiyo yangu. Nilijiona mimi nimekufa, nikakaa chini palepale katikati ya samaki za watu. Video haikuwa na mwanzo wala mwisho. Nikakupigia, simu imezimwa. Kesho yake imezimwa, na keshokutwa vilevile.

Mjomba Léopold akasema tusingoje zaidi. Desturi yetu unaijua: pacha mmoja akitangulia, hakuna kulia, asije akamwita mwenzake. Mama akakaa mkekani, macho makavu, anaimba nyimbo za mapasa, zile za kutuimbia sisi pacha. Sijawahi kuona kitu kibaya kama kile. Alikuwa ananilinda mimi. Mwili hatukuwa nao, kwa hiyo walikata mgomba, wakauvika kitenge chako cha kwaya, wakanipaka usoni pemba, ule udongo mweupe, wakanilaza kando yake. Baadaye wangeninyanyua, ili mimi na wewe tutenganishwe.

Nikiwa bado nimelala pale chini, simu yangu ikalia. Cadette, binti wa Mjomba, alisoma jina lako akaiangusha. Nikaiokota, nikapokea huku nimelala, na wewe unauliza kwa kicheko kama tumeshavuna mihogo! Eti huko mnakoigiza simu zinakusanywa mpaka kazi iishe.

Mama akaninyang'anya simu. Hakukuamini hata kidogo. Alisema, "Kama ni weye, imba ile ya mapasa. Bila mashine."

Ukaimba. Ukakosea palepale unapokosea siku zote, kwenye jina la nyanya yetu, mama yake Mama. Hapo ndipo Mama alipolia. Alilia mbele ya watu wote, kilio chote alichokuwa amekizuia, na Mjomba hakuthubutu kumkataza. Mimi mpaka leo sijui nicheke au nikupige.

Najivunia kazi yako, sitakuficha. Obvious amepata filamu nzima, na wanawake wa sokoni sasa wananiita marehemu. Lakini ule mgomba bado uko nyuma ya jiko ndani ya kitenge chako, umeanza kuoza, na Mjomba anasema hakuna mwingine anayeruhusiwa kuufungua. Njoo uufungue.

Mama anakusalimu, na Mjomba, na Cadette ambaye bado anaogopa simu yangu. Lévi wa kwaya anauliza kama unakikumbuka kile kinanda cha kanisa. Mungu akufunike popote unapolala, hata ndani ya masanduku yao.

Na wakitaka kukuua tena, mwambie Mama kwanza. Yeye haruhusiwi kulia.

Pacha wako akupendaye, mzima kama wewe,
Florentine